Ukienda Ifugao, Mtafute Mwenyeji Kabla ya Kutafuta Njia

Noti ya peso 20 ya Ufilipino ina picha ya mlima uliochongwa ngazi za mpunga tangu bondeni hadi juu. Ni majaruba ya Banaue, mkoani Ifugao, kaskazini mwa kisiwa cha Luzon. Mgeni akishuka kwenye basi asubuhi anaweza kupanda hadi mahali pa kutazamia, akapiga picha ileile iliyo kwenye noti, na jioni akarudi Manila. Wengi hufanya hivyo. Wewe usifanye. Mtu aliyetoka Dar es Salaam, Mombasa au Bujumbura akavuka nusu ya Asia hadi kufika pale, ameshalipa gharama kubwa kuliko zote. Zilizobaki ni siku mbili au tatu za kutembea kwa miguu, na hizo ndizo zenye thamani ya safari nzima.

Kuna sababu nyingine. UNESCO ilipoyaingiza majaruba ya Ifugao katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 1995, haya yanayotazamwa kutoka mjini Banaue hayakuwemo. Makundi yaliyoingia ni matano: Batad na Bangaan, ambayo yako katika eneo hilohilo la Banaue lakini mbali na mji, kisha Mayoyao, Hungduan, na Nagacadan iliyoko Kiangan. Batad haina barabara ya kuingia hadi kijijini. Gari hukufikisha juu ya bega la mlima, na kuanzia hapo unashuka kwa miguu kama wanavyoshuka wenyeji na magunia yao ya saruji, mitungi ya gesi na mahitaji ya dukani.

Jambo la kwanza la kuamua, kabla ya kijiji na kabla ya njia, ni nani atakayekuongoza. Sisi wa Afrika Mashariki tuna bahati ya kulijua suala hili kutoka upande wa mwenyeji. Anayeishi Marangu au Machame, chini ya mlima Kilimanjaro, anafahamu tofauti kati ya mgeni aliyepangiwa safari na wakala wa mbali, ambaye fedha yake inapita juu kwa juu, na mgeni aliyepata kiongozi wa palepale. Huko Ifugao tofauti hiyo ina uzito zaidi, kwa kuwa unachokwenda kukiona si hifadhi ya taifa. Ni mashamba ya watu. Kila jaruba lina mwenyewe, kila ukuta una familia inayoujenga upya ukianguka, na njia unayopita ni kingo za mashamba hayo. Mwongozaji aliyezaliwa Batad au kijiji jirani cha Cambulo anajua ukuta upi umelegea baada ya mvua ya juzi, nani amefiwa wiki hii, na shamba lipi haliingiwi leo kwa sababu ya matambiko ya mpunga. Zipo siku za mapumziko, hasa za mavuno, ambapo kuingia shambani ni mwiko. Mgeni asiye na mwenyeji atapita tu, na kosa halitasahihishwa kwa yeye kuomba radhi.

Kwa hiyo uliza maswali kabla ya kulipa, tena bila haya. Muulize mwongozaji ametoka kijiji gani na kama familia yake inalima. Wengi wao ni wakulima ambao huongoza wageni kazi ya shamba inapopungua, na mtu wa namna hiyo hatakuhadithia mpunga kwa maneno ya kukariri. Muulize bei ni ya siku au ya safari nzima, ni ya kundi au ya kila kichwa, na kama chakula na malazi yake yeye vimo ndani. Muulize mtalala nyumba ya nani. Ukihitaji mpagazi, patana uzito wa mzigo mapema. Kilimanjaro imeweka kikomo cha kilo 20 kwa mpagazi, na kwenye vijia vyembamba kama vya Batad mimi ningependa uende na mzigo mwepesi zaidi ya huo, au ubebe wako mwenyewe. Kisha jiandikishe kwenye ofisi ya utalii ya Banaue na ulipe ada ya mazingira. Mwongozaji anayekutaka uikwepe ofisi hiyo, achana naye.

Kuhusu karatasi nitasema machache. Raia wa nchi zetu nyingi za Afrika Mashariki, pamoja na Kongo, huingia Ufilipino kwa utalii bila viza kwa siku 30, mradi pasipoti iwe na miezi sita mbele na tiketi ya kurudi iwepo. Thibitisha na ubalozi kabla ya kukata tiketi, kwani kanuni hubadilika. Beba cheti cha chanjo ya homa ya manjano. Kutoka Manila hadi Banaue ni takriban kilomita 350, mabasi husafiri usiku kucha kwa saa tisa au kumi, na kiyoyozi chao ni kikali mno. Sweta na kitenge au shuka viwe mkononi, visiwe kwenye begi lililofungiwa chini ya basi. Fedha taslimu zitoe Manila, tena noti ndogondogo, maana vijijini huwezi kutegemea mashine wala kadi. Na kama unaishi Muscat, Doha au Dubai, huenda unafanya kazi na Wafilipino kila siku. Waulize kama kuna anayetoka milima ya kaskazini. Ushauri wa mtu wa nyumbani utakusaidia kuliko wangu.

Sasa majira. Waifugao hupanda mpunga wao wa kienyeji mara moja tu kwa mwaka, kwa kuwa kule juu kuna baridi na mbegu hiyo huchukua miezi mingi kukomaa. Vitalu huoteshwa mwisho wa mwaka, miche hupandikizwa kati ya Januari na Machi, na mavuno huangukia Juni na Julai, huku vijiji vikitofautiana kidogo. Aprili na Mei mlima wote ni kijani kibichi, na Juni unageuka rangi ya dhahabu, ingawa mvua nazo zinakuwa zimeshaanza. Kuanzia Julai hadi Novemba ni msimu wa tufani. Barabara hukatwa na maporomoko ya udongo, na mtu mwenye siku chache asijipeleke huko wakati huo. Wauzaji wa safari hupendekeza Mei kwa ajili ya picha za kijani. Mimi ningekwenda mwishoni mwa Februari au Machi. Wakati huo majaruba yamejaa maji, miche ni midogo, na kuta zote zinaonekana wazi kuanzia msingi hadi ukingo. Ukitaka kuelewa kazi iliyofanyika pale, lazima uzione kuta. Zaidi ya hayo, watu wako shambani. Utawakuta wanawake wameinama kwenye maji wakipandikiza, kwa mstari, na utaelewa kwa nini huko mwanamke ndiye mwenye sauti kubwa katika kuchagua mbegu.

Mwili wako hauna haja ya kuogopa kimo. Majaruba ya juu kabisa yako kwenye mita 1,500 hivi kutoka usawa wa bahari, chini ya lango la Marangu. Kinachowaangusha wageni ni magoti. Batad ni kushuka, kisha kushuka tena, halafu kupanda kote ulikoshukia jua likiwa kali. Wiki tatu kabla ya safari tafuta jengo la ghorofa na ushuke ngazi zake ukiwa na begi mgongoni, mara kadhaa kila siku. Kupanda kunaimarisha zaidi pumzi. Kushuka ndiko kunakoandaa mapaja na magoti kwa kazi yenyewe. Viatu viwe vya soli ya mpira yenye meno, ambavyo umeshavivaa vya kutosha hata haviwezi kukutoa malengelenge. Chukua fimbo, koti la mvua hata kama anga ni jeupe, tochi ya kichwani, chumvi za kuongezea maji mwilini, na mfuko wa nailoni wa kufungia nguo kavu. Kwenye msitu wa kuelekea kijiji cha Pula kuna ruba wakati wa unyevu. Ingiza suruali ndani ya soksi, na akikung'ang'ania usimvute kwa pupa, msukume taratibu kwa ukucha mahali alipouma.

Njia zipo za kila aina. Mwenye siku moja aende Bangaan, kijiji kidogo kilicho katikati ya majaruba, ambacho unakiona chote ukiwa barabarani kabla ya kushuka. Mwenye siku mbili ashuke Batad alasiri, alale huko, na asubuhi azunguke bonde ambalo majaruba yake yamepangika nusu duara kama viti vya uwanja wa mpira. Akiwa na nguvu ataongeza maporomoko ya Tappiya, lakini ajue kwamba ngazi za kwenda huko ni kali na kurudi kwake ni jasho. Mwenye siku tatu aanzie juu, upande wa msitu, ashukie Pula, alale. Kesho yake afuate mto hadi Cambulo, na siku ya tatu aingie Batad kwa nyuma. Hii ndiyo ninayoipendekeza kwa moyo wote. Unapoanzia msituni unayaona mambo kwa mpangilio wake: kwanza miti, ambayo koo na familia huitunza juu ya mashamba na kuiita muyong, kisha vijito vinavyotoka humo, kisha mifereji, ndipo majaruba. Mchagga aliyekulia kwenye mfongo, au Mmarakwet aliyezoea mifereji ya Kerio, ataelewa bila kuelezwa kwamba aliye juu akikata miti, aliye chini hali wali.

Kutembea juu ya ukuta kunahitaji maelezo marefu kidogo, kwa sababu ndiko kunakoleta ajali. Kuta za Batad ni za mawe, na kingo zake mara nyingi hazizidi upana wa nyayo mbili. Upande mmoja una maji na matope hadi magotini. Upande wa pili kuna anguko la mita kadhaa hadi jaruba la chini. Tembea ukiangalia hatua mbili mbele, si miguu yako. Ukitaka kutazama mandhari au kupiga picha, simama kwanza. Begi liwe limebana mgongoni, kamera isining'inie shingoni. Ukihisi unateleza, angukia upande wa matope. Utachafuka, basi. Ila jitahidi kwa kila namna usikanyage miche, na ukiiharibu mwambie mwongozaji akupeleke kwa mwenye shamba, usipite kimya. Ukikutana na mtu mwenye mzigo, wewe ndiye unayesimama, na unasimama mahali pana ili apite bila kupunguza mwendo. Usichomoe jiwe hata dogo. Usiketi kwenye ukingo uliolegea. Mvua ikinyesha kwa nguvu na mwongozaji akasema leo hatupiti hapa, usimbishie kwa sababu ya ratiba yako.

Kuta hizo ndizo zinazowasumbua Waifugao kuliko kitu kingine. Mwaka 2001 UNESCO iliyaweka majaruba haya katika orodha ya urithi ulio hatarini, na yakatolewa humo mwaka 2012 baada ya juhudi za ukarabati. Hata hivyo kazi haijaisha na haiwezi kuisha. Minyoo mikubwa ya ardhini hutoboa matuta na maji yakavuja. Ukuta ukipata upenyo mmoja, mvua ya usiku mmoja inaweza kushusha mawe ya majaruba matatu. Kuujenga upya ni kazi ya mikono, jiwe kwa jiwe, na vijana wenye mikono hiyo wengi wako Baguio, Manila au ughaibuni wakitafuta mshahara. Mpunga peke yake haulipi. Ndiyo maana naweka mkazo mkubwa kwenye suala la mwongozaji na malazi: fedha ya mgeni ni mojawapo ya njia chache zinazomwezesha kijana kubaki kijijini na kuendelea kujenga. Ukilala hotelini mjini na kushuka Batad kwa saa tatu tu, umetumia njia zao na hukuacha kitu.

Mwongozaji atakuambia pengine kwamba majaruba yana umri wa miaka 2,000. Ndivyo vitabu vya shule vilivyofundisha kwa muda mrefu. Mwanaakiolojia Stephen Acabado, aliyechimba na kupima umri wa tabaka za udongo Ifugao, anaona kilimo cha mpunga wa majarubani kilipanuka baada ya Wahispania kufika Luzon katika karne ya 16, watu walipojikusanya milimani kuwakwepa. Kabla ya hapo walilima zaidi magimbi. Sikutajii hili ukamkosoe mwenyeji wako njiani. Nakutajia kwa sababu kwangu linaongeza heshima: ina maana vizazi vichache tu vya watu waliokuwa wakiilinda nchi yao vilijenga milima mizima kwa mawe. Muulize mwongozaji wazee wake wanasemaje, umsikilize hadi mwisho.

Nyumba utakayolala itakuwa rahisi. Zile za asili zimesimama juu ya nguzo nne, na kila nguzo ina duara la mti karibu na sakafu ili panya asipande. Paa lilikuwa la nyasi, siku hizi mabati ni mengi. Maji ya kuoga yanaweza kuwa ya baridi na umeme usiwe wa uhakika, kwa hiyo chaji simu mjini. Usiku kuna ubaridi, godoro ni jembamba, na jogoo hawakuachi ulale hadi jua lipande. Chakula ni wali, wali, na wali tena, pamoja na mboga, mayai, kuku au nguruwe. Waislamu wajue kwamba nguruwe ni nyama ya kawaida na ya heshima kule, sufuria zikiwa hizohizo. Mwambie mwongozaji siku ya kwanza, kabla hajaagiza chakula, kwamba utakula mayai, samaki wa kopo na mboga, na beba sufuria yako ndogo ikiwa unataka utulivu wa moyo. Kibla kwa huko ni magharibi, kuelekea kaskazini kidogo. Wenyeji wakikukaribisha pombe yao ya mpunga nawe huinywi, kataa kwa tabasamu na maneno machache, hawalazimishi. Utawaona pia wazee wakitafuna tambuu kwa popoo na chokaa, na Mswahili wa Unguja au Lamu hatahitaji kufundishwa namna ya kukaa nao.

Picha za watu ziombwe. Pale mahali pa kutazamia Banaue huketi bibi wazee waliovaa mavazi ya asili, na kazi yao ni hiyo: wape chochote kabla ya kupiga. Vijijini ni jambo jingine. Mwanamke aliyeinama kwenye matope hakuja kwenye maonyesho. Msalimie kwanza, uliza kupitia mwongozaji, na akikataa weka simu mfukoni. Baadhi ya familia huhifadhi nyumbani mifupa ya wahenga wao ikiwa imefungwa kwa kitambaa. Ukionyeshwa, hiyo ni imani waliyokupa, wala si kitu cha kupeleka mtandaoni. Vivyo hivyo ukibahatika kuwasikia wanawake wazee wakiimba hudhud, masimulizi marefu yanayoimbwa wakati wa mavuno na kwenye misiba, ambayo UNESCO iliyatambua mwaka 2001. Kaa nyuma, kimya, na ukae hadi waimbaji wapumzike.

Peremende na fedha za watoto usigawe njiani. Kufanya hivyo kunawatoa shuleni na kuwafunza kuwasubiri wageni. Ukiwa na cha kutoa, muulize mwongozaji kama kuna ukuta unaojengwa au shule yenye uhitaji, ukabidhi mbele ya watu wazima. Bakshishi ya mwongozaji mpe mwenyewe mkononi, mwisho wa safari, bila kumpitishia mtu. Ukitaka kununua, nunua vinyago vya mbao, nguo za kufuma, au mpunga wao wa kienyeji wenye punje nono na harufu nzuri. Lakini mpunga huo nunua kilo moja au mbili tu. Familia nyingi huvuna kiasi cha kula wenyewe, na anayekuuzia zaidi ya hapo huenda anajipunguzia.

Kabla hujaondoka Banaue, safisha viatu vyako. Namaanisha kuvisugua kwa brashi hadi kwenye meno ya soli, pamoja na fimbo na pindo za suruali, kisha kuvianika vikauke kabisa. Majaruba ya Ufilipino yanasumbuliwa na konokono wakubwa wa majini walioletwa nchini humo miaka ya 1980 ili wafugwe kwa chakula, wakatoroka na kuanza kula miche michanga. Mayai yao ya rangi ya waridi utayaona yamegandamana kwenye mabua na kwenye mawe ya kuta. Mwaka 2020 aina hiyo ya konokono ilithibitishwa katika mashamba ya mpunga ya Mwea, nchini Kenya, na wakulima wa huko hadi leo wanapambana nayo. Msafiri anayerudi Mwea, Kilombero, Usangu au Imbo ana sababu ya kuwa mwangalifu kuliko Mzungu anayerudi Paris, kwa hiyo hata mbegu nzuri ya mpunga uliyoipenda usiifiche kwenye begi upande nyumbani. Mwongozaji wako atakuonyesha bomba la maji nyuma ya nyumba ya wageni. Omba brashi na ufanye kazi hiyo asubuhi, ili viatu vipate jua kabla ya basi la usiku.